Salamu ya Kiti

Machakos,
20 Januari 2024

Mwanangu Kisilu,

Pokea salamu hizi ukiwa umevaa soksi, maana nasikia baridi ya Uingereza haina adabu. Mimi shangazi yako Mutanu ni mzima. Goti la kushoto hunisumbua nikipanda ngazi za kanisa, lakini nikishuka halisemi neno, kwa hiyo nimeamua tatizo ni la kanisa. Mama yako Kavindu yuko salama huko Kathiani. Mvua ilizidi, maharagwe mengine yakaozea shambani, ila mahindi yamesimama. Baba yako Nzomo naye yupo.

Najua utacheka kuona barua. Watu siku hizi hawaandiki, na ndiyo sababu hakuna anayejua habari za mwenzake. Siku ya Krismasi ulipopiga simu tulikuweka kwa spika katikati ya meza, kati ya chapati na mchuzi wa kuku. Nikakujulia hali kwa Kikamba, "Kisilu, uvoo waku?" Ukanijibu, "Museo, Anti. Mzuri kabisa. Niko sawa. Hakuna shida." Nilikuuliza mara moja, ukanijibu mara nne. Kisha ukasema unaitwa kazini, simu ikakatika, na mama yako akaendelea kugawa chapati akifurahi kwamba mtoto ni mzuri.

Mimi sikufurahi. Nilikaa miaka ishirini na tisa kwenye kaunta ya posta hapa mjini. Nimewaandikia barua akina mama wasiojua kusoma, nikawasomea majibu ya watoto wao. Mtu akijibu mara nne jambo aliloulizwa mara moja, mimi huweka kalamu chini nikamtazama. Wewe siwezi kukutazama, kwa hiyo niandikie kwa mkono. Kwa simu ni rahisi mno kudanganya.

Unakumbuka ulipokuwa darasa la kwanza, baba yako akiwa Jedda, ukikaa kwangu ili usome shule ya mjini? Ukitoka shule ulikuwa unaketi nyuma ya kaunta juu ya gunia la barua, ukinisubiri nifunge. Nilikupa sifongo ya kulowesha stempu, ukaikataa. Ulizilamba moja moja mpaka ulimi ukawa mweupe, ukasema gundi ni tamu kuliko mandazi yangu. Hilo la mandazi bado sijalisahau.

Ni mimi,
Shangazi Mutanu

*

Uingereza,
18 Februari 2024

Shangazi mpendwa,

Salamu kutoka kwa mtu aliyevaa soksi mbili mbili. Barua yako ilifika baada ya wiki tatu na siku mbili. Niliinusa bahasha kabla sijaifungua. Sikupata gundi, nilipata iliki, nikajua uliiweka kwenye droo ya jikoni pamoja na majani ya chai. Nilikaa nayo kitandani muda mrefu kabla ya kuisoma. Pole kwa goti. Wasalimie mama na baba. Baba anaendeleaje hasa? Mama husema tu kwamba yupo.

Mimi ni mzuri. Kazi ni ileile, kutunza wazee. Wako thelathini na wanne kwenye nyumba hii, na wengi wamesahau majina yao, lakini hawajasahau namna wanavyotaka chai yao. Tumeletewa magodoro mapya, Shangazi, ungeyaona! Yana pampu yake. Yanajijaza hewa upande huu, yanapungua upande ule, ili mgonjwa asipate vidonda. Kabla ya hapo tulikuwa tunawageuza wenyewe kila baada ya saa mbili, mgongo ukawa haufai. Sasa godoro linafanya kazi, mimi nabonyeza kitufe tu. Nilimpigia mama picha, akauliza kama linauzwa Machakos. Bwana Arthur, yule fundi wa saa, alifariki mwezi uliopita. Magodoro ni ya rangi ya samawati.

Usiwe na wasiwasi juu yangu, kampuni inatujali. Kila mwezi tunajaza karatasi: unajisikiaje, kutoka moja hadi kumi. Mimi hujaza kumi. Nitamwambiaje mtu nisiyemjua kwamba mimi ni tatu? Mwenzangu mmoja, Mfilipino, hujaza kumi kisha anachora ua. Kuna pia mshauri nasaha, mama mmoja anaitwa Wendy. Nilipelekwa kwake mara mbili. Aliniuliza niko aje, nikamwambia niko sawa. Akasema vizuri sana, akafunga faili. Watu wa huku hawana maneno mengi.

Ninachokosa ni muthokoi. Nimejaribu kuupika na mahindi ya mkebe, jirani akaja kuuliza kama kuna kitu kimeungua. Nakumbuka mama akitwanga yale mahindi, maganda yakiruka, na mimi nikipewa kazi ya kupepeta nisiyoiweza. Na nakumbuka gunia la barua. Lilikuwa linaniwasha miguu, lakini sikuwahi kukwambia, nisije nikaambiwa nikakae nje.

Mwanao,
Kisilu

*

Machakos,
24 Machi 2024

Kisilu mwanangu,

Hapa ni wazima. Mvua imeanza kunyesha, na kila mtu yuko shambani isipokuwa mimi na goti langu. Mama yako amepata ndama jike, amemwita Uingereza. Baba yako umemuuliza. Yuko kwa store ya mazao, anachagua mbaazi za mbegu.

Sasa sikiliza. Umeandika mistari minane juu ya godoro na mstari mmoja juu ya mtu. Nani alimwosha Bwana Arthur?

Na huyo Wendy wako, sina ugomvi naye, ila nimecheka, halafu sikucheka tena. Umesahau tulivyokulea? Kwetu salamu ni mbili. Ya kwanza ni ya mlango. Mgeni amesimama, anakuuliza "Uvoo waku?", na hata kama jiko linawaka moto nyuma yako unajibu "Museo," kwa sababu huwezi kumtwika mtu mzigo kabla hajaketi. Kisha anaingia, anapewa kiti, anapewa chai, anapuliza. Ndipo anauliza ya pili, salamu ya kiti: "Na wewe mwenyewe?" Hapo sasa unasema mtoto ana homa, ng'ombe amepotea, mume hajaonekana tangu Jumanne.

Wendy alikuuliza ya mlango. Ukamjibu ya mlango kama mtoto mwenye heshima, ukakaa ukingoja ya kiti. Lakini kwao salamu ni moja tu. Ameuliza, umejibu, amefunga faili, na wewe umebaki nje umeshika adabu yako mkononi. Yeye hakukosea, na wewe hukukosea, ila hakuna aliyesaidiwa.

Basi mimi nimeketi. Chai ninayo hapa, nimeipuliza. Na wewe mwenyewe?

Shangazi yako,
Mutanu

*

Machakos,
9 Juni 2024

Kisilu,

Wiki kumi na moja. Zamani ningesema barua imepotelea njiani, lakini nimeifanya kazi hiyo, najua barua hazipotei kirahisi hivyo. Mama yako anasema akikutumia ujumbe unamjibu kwa picha ya kidole gumba. Anadhani ni jambo zuri. Naogopa, Kisilu. Nasema wazi: naogopa.

Mbaazi zimeanza kukomaa. Nilikwenda Kathiani Jumamosi nikachuma, nikazipika mbichi na nazi vile ulivyokuwa unapenda, nikashindwa kuzimaliza. Nitakwambia kitu ambacho sijawahi kumwambia mtu. Nakiandika kwa kuwa wewe huniandikii.

Baba yako alipokuwa dereva huko Jedda, barua zake zilipita mkononi mwangu. Miaka mitano. Nilizipiga muhuri wa tarehe mimi mwenyewe, kisha nikampelekea mama yako na tukasoma pamoja. Zote zilianza, "Mimi ni mzuri." Mara nyingine barua yote ilikuwa hiyo, na salamu kwa watu kumi. Mwaka wa pili mwandiko ukaanza kulala. Mwaka wa tatu akaanza kuandika jina la mama yako vibaya. Niliona. Mimi niliyekuwa nikisoma barua za mji mzima niliona, nikajiambia amechoka tu, kazi za ugenini ndivyo zilivyo.

Alirudi 2001. Uliletewa viatu vyenye taa, nadhani unavikumbuka zaidi ya unavyomkumbuka yeye. Nikamkuta uani, nikamuuliza, "Nzomo, uvoo waku?" Akasema, "Museo." Mimi nikamshukuru Mungu, nikaenda kusaidia kupika. Sikuketi. Ndugu yangu wa tumbo moja, sikuketi nikamuuliza tena.

Baada ya hapo ndipo alipoanza kukaa kwa store. Wageni walimfuata, kisha wakapungua. Mle ndani kuna kiti kimoja tu, kile cha plastiki kilichofungwa waya mguu, na anakikalia yeye. Kwa hiyo anayekwenda kumsalimu husimama mlangoni. Miaka ishirini na mitatu, Kisilu, watu wanamsalimu baba yako kutoka mlangoni, naye anajibu museo. Watu husema Nzomo ni mkimya. Hakuwa mkimya. Alikuwa akiimba sauti ya bezi kwaya nzima ikimfuata, na harusini hakuna aliyeweza kumnyamazisha.

Sitaki kukusalimu kutoka mlangoni wewe. Niandikie hata mistari mitatu. Hata mwandiko ukilala, utalala mbele yangu.

Mutanu

*

Uingereza,
7 Julai 2024

Shangazi,

Nisamehe. Salamu za familia nitaziandika mwisho, nikianza nazo nitajificha humo humo.

Ni mimi niliyemwosha. Bwana Arthur alikuwa ananiita Peter, jina la mwanawe aliyekufa zamani. Mwanzoni nilimsahihisha, baadaye nikaacha, nikawa Peter. Alifariki saa ya chakula cha mchana. Nilimshika mkono, nikamwosha, nikamvalisha saa yake kwa sababu hakuwahi kukaa bila saa. Saa tisa nikaambiwa nitandike kitanda kwa anayefuata. Nikatandika. Kwa mwaka mmoja, pamoja naye, nilikuwa nimeosha kumi na mmoja, Shangazi. Kwetu mtu akifa watu hukaa matangani, huimba, hugombana juu ya chai. Hapa ningekwenda wapi na maiti kumi na mmoja? Nilikwenda nyumbani nikapika tambi.

Tangu Aprili sikulala vizuri. Barua yako ya salamu mbili ilikuwa mezani. Niliijibu mara tatu nikachana. Mwezi wa Mei, asubuhi moja, nilisimama kituoni nikingoja basi la kwenda kazini. Likaja, mlango ukafunguka, miguu ikakataa. Likaondoka. Likaja la pili. La tatu dereva aliniuliza, "Unapanda?" nikamwambia asante, niko sawa. Nilisimama pale mpaka watoto wakatoka shule. Kazini nikasema nilikuwa na homa. Ikawa naogopa kila asubuhi kama miguu itakubali.

Sikwenda kwa Wendy kwa sababu wenzangu wanasema ukisema kichwa hakiko sawa, inaandikwa, na visa haiongezwi. Nikifukuzwa nitawaambia nini watu wa Kathiani walionisindikiza na kwaya? Tena nilijiona mjinga. Nilikaa kwake mara mbili nikingoja aniulize, nikamchukia kwa kutoniuliza, na sikujua ninachongoja ni kitu gani mpaka ulipokipa jina.

Barua yako ya Juni ilikuja Jumanne. Ile ya mwandiko kulala. Nilichukua daftari la kazini nikatazama mwandiko wangu tangu Januari, nikafunga daftari. Jumatano nilikwenda nikagonga kwa Wendy.

Akatabasamu, akaniuliza niko aje. Nikamwambia, "Niko sawa." Imetoka yenyewe, Shangazi, wallahi ningeweza kujipiga kofi. Akachukua kalamu. Nikamwambia, "Ngoja kidogo. Kwetu hilo si jibu. Hilo ni la mlangoni. Lazima uniulize tena." Akanitazama. Akaweka kalamu chini, hivyo hivyo ulivyosema wewe huweka. Akauliza, "Nikuulize vipi?" Nikamfundisha. Akasema pole pole, kwa Kiswahili kilichovunjika vunjika, "Na wewe mwenyewe?"

Nililia mpaka nikaona haya. Alinipa maji, akanipa kiti kingine kisichokuwa na gurudumu. Nilimwambia juu ya Arthur na wale kumi. Nilimuuliza juu ya visa, akanionyesha karatasi: ninayomwambia yanabaki kwake, hayaendi kwa meneja wala kwa watu wa visa. Amenipangia kuonana naye kila wiki, mara nane. Nimeona daktari, nimepewa wiki mbili za kupumzika. Wendy ameniambia sasa atawauliza wote mara mbili. Yule Mfilipino wa ua naye yumo.

Sijapona. Jana nilijaribu kwenda mjini, basi la kwanza lilinipita. La pili nilipanda.

Msalimie mama, msalimie ndama. Baba usimwambie. Tafadhali. Ana yake.

Kisilu

*

Machakos,
25 Agosti 2024

Mwanangu,

Uingereza ndama ameachishwa kunyonya, ana kelele. Mama yako ni mzima. Niliisoma barua yako nikiwa nimesimama jikoni, nikaisoma tena nikiwa nimeketi, kisha nikaenda kanisani siku isiyo ya ibada, na goti halikusema kitu. Asante kwa kuniandikia. Asante kwa kugonga ule mlango. Wale kumi na mmoja nimewawekea mshumaa, na Bwana Arthur nimemtaja kwa jina. Niliomba kwa niaba ya jamaa, nikaongeza kwamba Peter alikuwepo.

Uliniambia nisimwambie baba yako. Sikumwambia. Ila yaliyotokea nitayaeleza, unihukumu mwenyewe.

Nilikwenda Kathiani nikiwa na barua yako kwenye mkoba. Nikapita store kumsalimu, nikasimama mlangoni kama kawaida. Akaniuliza, "Kisilu ako aje? Ako salama?" Nikasema, "Museo." Akaendelea kuchagua mbaazi, nzima huku, mbovu huku. Nikageuka. Hapo akasema, bila kuinua kichwa, "Na yeye mwenyewe?"

Nikarudi mlangoni. Miaka ishirini na mitatu hakuwahi kuuliza hilo, Kisilu, si mimi, si mtu yeyote. Akaniambia, "Mutanu, niliona bahasha kwa mkoba wako ulipokuja Jumapili. Hiyo mwandiko naijua. Ni yangu ya zamani."

Nimefanya kazi posta miaka ishirini na tisa na sikuwahi kumpa mtu barua isiyo yake. Siku hiyo nilimpa. Aliisoma mlangoni penye mwanga, midomo ikitembea. Alipofika pale kwenye basi alirudi nyuma akasoma upya. Kisha akaikunja ilivyokuwa, akanirudishia, akaniomba kalamu. Nikamsikia mama yako akiniita tuchambue mboga, nikaenda. Tulipomaliza baba yako akanipa karatasi iliyokunjwa mara nne, imepakwa uji ili ishikamane, maana hakuna gundi. Akasema, "Ya Kisilu." Nimeitia humu. Sikuifungua. Hiyo sheria sitaivunja mara mbili.

Nimeuliza hospitali hapa mjini, kuna mshauri anayeona watu siku za Alhamisi. Sijamwambia Nzomo bado. Namngoja aketi.

Nisamehe, au nikasirikie, lakini niandikie.

Shangazi yako,
Mutanu

*

KATHIANI

KISILU,

UVOO WAKU. USINIJIBU HIYO.

MIMI HUKO JEDDA SIKUWA MZURI. RAFIKI YANGU MAUNDU ALIKUFA KWA LORI TUKIWA WAWILI. NILIENDESHA NA YEYE KANDO YANGU MPAKA MJINI, HALAFU WAKANIPA LORI INGINE SIKU HIYO HIYO. SIKUANDIKA HIYO KWA BARUA. NILIKUJA NYUMBANI NIKANGOJA KUULIZWA. WEWE UMEJUA KUSEMA NGOJA, NIULIZE TENA. MIMI SIKUJUA KAMA MTU ANAWEZA KUSEMA HIVYO.

MUULIZE HUYO MAMA WENDY KAMA ANAWEZA KUONGEA NA MZEE KWA SIMU. KAMA NI NGUMU, BASI.

PANDA HIYO BASI. IKIKUPITA, NGOJA INGINE.

NIMETOA KITI KWA NYUMBA NIKAWEKA KWA STORE. SASA VIKO VIWILI. UKIKUJA DESEMBA USISIMAME MLANGONI.

BABA YAKO,
NZOMO